Laibrari ya muvi Nyakato: hapa Dragon Ball Z unapewa na mziki wake wenyewe

Wadau wa Mwanza wenye watoto, na nyie wakubwa mnaopenda katuni za Kijapani, nimepata sehemu ya kujazia flashi ambayo naona sio vizuri nikae nayo peke yangu. Ni laibrari ndogo tu ipo Nyakato barabara ya Musoma, haina hata kibao, ukishuka kwenye daladala uliza laibrari ya katuni utaonyeshwa. Ndani kuna kompyuta mbili, feni moja, benchi la kusubiria na ukuta mzima umebandikwa mapicha ya muvi mpaka rangi ya ukuta huijui. Muvi moja mia tano, tamthilia sizoni moja buku, na kwa vitu virefu kama Dragon Ball Z mnaongea bei, ila beba flashi ya GB 64 au eksteno kabisa kwa sababu ile kitu ina episodi 291 na haitoshi kwenye vile viflashi vya kwenye gari.

Bei sio sababu ya mimi kuandika, bei ziko hivyo karibu mji mzima, Makoroboi, Mabatini, Igoma kote. Sababu ni swali aliloniuliza kijana wa pale nilivyomwambia nataka Dragon Ball Z ya watoto. "Dada, unataka yenye mziki wa Kimarekani au yenye mziki wa Kikuchi?" Yaani nilimwangalia mara mbili. Miaka yote nimejaza flashi mji huu hakuna mtu amewahi kuniuliza mziki ni wa nani, wanauliza ina subtaito au haina, imetafsiriwa au haijatafsiriwa, basi. Huyu ameuliza jambo lenyewe.

Kwa ambao hamjui nieleze kidogo. Dragon Ball Z ilirushwa Japani kuanzia 26 Aprili 1989 mpaka 31 Januari 1996, na mziki wote wa nyuma, ule unaosikika wakati watu wanapigana, wanalia, wanakula, wanaruka angani, aliutunga mzee mmoja anaitwa Shunsuke Kikuchi. Huyohuyo ndio alikuwa ameanza nayo tangu Dragon Ball ile ya utoto wa Goku, shujaa wa hadithi, ya 1986. Sasa katuni ilipopelekwa Marekani 1996 wenye kuitoa kule waliuondoa mziki wake wakaweka wa kwao, halafu kuanzia 1999 ukaja mwingine tena wa kikosi cha Bruce Faulconer, ndio ule wenye vinanda vya umeme na magitaa mazito ambao wengi wetu tulioangalia ya Kiingereza tumeukariri. Kwa hiyo kuna watu wameangalia Dragon Ball Z kuanzia mwanzo mpaka mwisho na hawajawahi kusikia hata noti moja ya mtu aliyeitungia mziki. Hilo linaniuma kweli, kwa sababu huo mziki ni nusu ya katuni.

Simponda Faulconer, wapo waliokua na ule mziki na wanaupenda na ni haki yao, kuna sehemu unasisimua damu kabisa. Ila haunyamazi. Toka mwanzo wa episodi mpaka mwisho kuna kitu kinapiga tu, hata watu wakiwa wamesimama wanatazamana kuna kitu kinanguruma. Kikuchi anajua kukaa kimya. Watu wawili wanatazamana, unasikia upepo tu, mtu anameza mate, upepo tena, halafu ndio zinaingia tarumbeta na ngoma, na hapo mtoto aliyekuwa amelala kwenye kochi anakaa vizuri. Mi nimeangalia na wanangu zote mbili, na kwenye ile ya Kikuchi wanaacha kuongea. Kile kimya kinawakamata.

Na kuna toleo la tatu ambalo ndio nilichukua, kijana ndio alinishauri, sauti za Kiingereza lakini mziki wa Kikuchi umerudishwa chini yake. Lilitoka baadaye kwenye DVD za Marekani, wateja walipewa kuchagua. Kwa watoto ambao hawajaweza kusoma maandishi ya chini kwa haraka hili ndio suluhisho, na nasema wazi sijalikuta laibrari nyingine yoyote hapa mjini likiwa limetengwa hivyo, sehemu zingine hata wenyewe hawajui wana lipi.

Kitu kimoja msichanganye. Ule wimbo wa kufungulia, Cha-La Head-Cha-La unaoimbwa na Hironobu Kageyama, huo sio wa Kikuchi, aliutunga Chiho Kiyooka. Nimeona watu wanasikia wimbo wa Kijapani mwanzoni wanajua basi wamepata orijino, halafu episodi ikianza chini kuna mziki mwingine kabisa. Ukitaka kuhakikisha ruka mpaka katikati ya pambano, sikiliza kama kuna tarumbeta za kweli zinazopulizwa na watu na kama kuna sehemu za kimya. Pale Nyakato wanakubali uhakikishe kabla hujalipa, wana spika ndogo mezani, na hilo nimelipenda sana.

Basi baada ya kuona naelewa kijana akanifungulia folda limeandikwa KIKUCHI kwa herufi kubwa. Ndani yake vimepangwa vitu kwa miaka, na ndio hapo nikajua nimekutana na mtu wa aina yangu. Nikamwambia jaza vyote.

Niwape historia kidogo maana bila hiyo hamtaelewa kwa nini folda moja lina mambo ya aina zote. Kikuchi alizaliwa 1 Novemba 1931 Hirosaki, mkoa wa Aomori, kule juu kabisa kaskazini mwa kisiwa kikubwa cha Japani, kwenye theluji na matufaa. Mtu wa mkoani kwa hiyo, kama sisi. Akaja Tokyo akasoma mziki chuo kikuu cha Nihon kitivo cha sanaa, na 1961 akapata filamu yake ya kwanza kwenye kampuni ya Toei. Angalia huo mwaka. Ni wakati TV inaingia majumbani kule, na kampuni kama Toei inatengeneza filamu huku na vipindi vya TV huku, kila wiki kipindi kipya, kila kipindi kinataka mziki. Akaingia humo na akakaa humo zaidi ya miaka arobaini.

Sasa watu wengi wanadhani mtunzi wa katuni anaangalia kila episodi halafu anaitungia. Kwa filamu ya sinema ni hivyo, lakini kwa TV ya kila wiki zama zile isingewezekana, pesa hakuna na muda hakuna. Walichokuwa wanafanya, mtunzi anaelezwa hadithi na anapewa orodha ya hali, hatari inakuja, adui kaingia, huzuni, asubuhi ya amani, vichekesho, ushindi, yeye anatunga vipande vingi vifupi vifupi, wapigaji wanaitwa studio wanarekodi vyote kwa mkupuo, kila kipande kinapewa namba. Baada ya hapo kuna mtu mwingine kabisa kazi yake ni kuchagua, kila wiki anaingia kwenye lile ghala anatoa kipande cha kuweka hapa na kipande cha kuweka pale. Ndio maana kwenye Dragon Ball unakuta kipande kilekile kinarudi, kinarudi, na wala hakichoshi. Mwanangu wa pili sasa hivi akisikia kile kipande cha hatari anasema "anakuja" kabla adui hajatokea kwenye skrini. Hajafundishwa na mtu, mziki ndio umemfundisha. Na zile Dragon Ball za sinema Kikuchi alizitungia mziki mpya, halafu vipande vyake vikawa vinaingizwa kwenye ghala la TV, ndio maana episodi za mbele zina mziki mwingi zaidi na mpana zaidi kuliko za mwanzo. Ukijaziwa zote 291 utasikia ghala linavyokua.

Ukitunga kwa namna hiyo kila kipande lazima kisimame chenyewe, kiseme hali yake ndani ya sekunde chache, kwa sababu hujui kitakatwa wapi na kubandikwa wapi. Hiyo ndio kazi ngumu ambayo naona haisifiwi vya kutosha. Watu wanamsifu anayetunga wimbo wa kufungulia kwa sababu una maneno ya kuimba, huyu wa chini anayeshika episodi nzima hata jina halitajwi.

Turudi kwenye folda. Ya kwanza ni Tiger Mask ya 1969, mpiga mieleka mwenye kichwa cha chui milia, ngumu na ina huzuni, sio ya watoto wadogo sana. Halafu Kamen Rider iliyoanza Aprili 1971, hii sio katuni ni watu wa kweli wamevaa nguo za panzi wanapanda pikipiki, na wimbo wake wa kufungulia ni wa Kikuchi, maneno yameandikwa na Shotaro Ishinomori mwenyewe aliyebuni hadithi. Jamani hizo tarumbeta. Mnajua yale matarumbeta ya sendofu na harusi yanayopita barabarani juu ya pikapu, ukisikia tu kwa mbali miguu inataka kutoka nje, ndio hivyohivyo, mtu unasimama bila kuambiwa. Niliupiga kwenye sabufa nyumbani watoto wa majirani wakaja mlangoni.

Kuna Getter Robo ya 1974, kuna Grendizer ya 1975 ambayo ilipendwa vibaya mno Ufaransa na nchi za Kiarabu, kuna Dr. Slump ya 1981. Halafu kuna Doraemon, yule paka wa bluu asiye na masikio, iliyoanza kwenye TV Asahi Aprili 1979. Hapa ndio nataka mtulie kidogo. Mtu yuleyule wa tarumbeta na mapambano ndio katunga wimbo wa Doraemon, ule mwepesi mtamu ambao watoto wa Kijapani wameuimba vizazi na vizazi, na mziki wa chini wa katuni yenyewe mpaka 2005 walipobadilisha timu nzima. Filimbi, vitu vya kugongagonga, gitaa dogo, kila kitu kiko chini chini. Mwaka mmoja kabla, 1978, alikuwa ameanza na Abarenbo Shogun, tamthilia ya mtawala anayepanda farasi mweupe na kupiga watu kwa panga, nayo ikaendelea miaka na miaka. Yaani wiki hiyohiyo familia ya Kijapani inakaa sebuleni, mtoto anaangalia Doraemon, babu anaangalia panga, baba anaangalia polisi wa G-Men '75, na mziki wote umetoka kwenye meza moja. Mi sijui mtunzi mwingine aliyeingia sebule za watu namna hiyo.

Na kama hujawahi kuangalia katuni hata moja lakini uliangalia Kill Bill, basi Kikuchi umeshamsikia. Ule wimbo wa mwanamke wa Kijapani wa majonzi, Urami Bushi, aliutunga yeye kwa ajili ya filamu ya gereza la wanawake ya 1972, akauimba Meiko Kaji aliyekuwa nyota wa filamu hiyo, maneno akaandika mwongozaji Shunya Ito. Tarantino, mwongozaji wa Kill Bill, akauchukua zaidi ya miaka thelathini baadaye. Kijana wa laibrari kauweka kama faili la sauti peke yake, filamu hajaweka kwenye folda hili kwa sababu anajua wateja wake wa katuni ni watoto, nikaona ana akili.

Nyingine ya kuulizia ni Dragon Ball Kai, ni Dragon Ball Z iliyofupishwa, 2009, waliirudia na mziki mpya wa mtunzi mwingine. Machi 2011 Toei Animation wakatangaza kwamba baadhi ya vipande vya huo mziki vinaweza kuwa vimegusa haki za watu wengine, wakauondoa. Wakaweka nini? Wakarudi ghalani wakachukua vipande vya Kikuchi vya miaka ya themanini na tisini wakavibandika kwenye picha zilizosafishwa upya, na vikakaa. Mzee alikuwa ana karibu miaka themanini. Hapo Nyakato wanayo Kai zote mbili, yenye mziki wa kwanza na yenye mziki wa Kikuchi, ukiwa na mtoto asiye na uvumilivu wa zile episodi ndefu za kutazamana chukua hiyo ya pili. Mi nafsi yangu naona kufupisha kunapunguza kile kimya nilichosema, ila ni chaguo zuri.

Kikuchi alifariki 24 Aprili 2021 Tokyo, akiwa na miaka 89. Sikusikia mtu huku akizungumzia, na watoto wangapi wa mji huu wamekua na Goku.

Sasa niseme na mambo ya ufundi na mapungufu maana rivyuu sio sifa tu. Faili nyingi za pale zina sauti mbili au tatu ndani ya faili moja, na TV zetu nyingi zinapiga ile ya kwanza tu hata ufanyeje, kwa hiyo unaweza kufika nyumbani ukakuta mziki wa Kimarekani wakati umelipia Kikuchi. Mwambie kabla, anakuuliza TV yako ni aina gani anaipanga ile unayoitaka iwe ya kwanza. Inachukua muda, kwangu ilibidi niache flashi nikafuate siku ya pili, na hakuniongezea bei. Kwenye laptopu huna shida, fungua na programu ya VLC nenda kwenye sauti chagua mwenyewe.

Sauti ya Dragon Ball Z orijino ni ya TV ya zamani, mono, inatoka katikati tu. Ukiipiga kwenye sabufa iliyosetiwa kwa ajili ya singeli tarumbeta zinakuwa kama zimefunikwa blanketi. Punguza besi mpaka nusu au chini zaidi, ongeza treboo kidogo, hapo utasikia mpaka filimbi. Nilifanya hivyo na mume wangu ambaye hajali mambo haya akauliza kama tumenunua spika nyingine.

Mapungufu. Umeme ukikatika wanafunga, hawana jenereta, na kopi iliyokatikia njiani wakati mwingine inaacha episodi mbovu, kwangu kuna chache ziligoma nikarudisha wakanibadilishia bila maneno lakini nauli ya kwenda na kurudi ni yangu. Subtaito zote ni za Kiingereza, na kwenye Kamen Rider kuna sehemu zinachelewa nyuma ya maneno. Tiger Mask haijakamilika, katuni yenyewe ina episodi 105 na wao wana za mwanzo tu, inakatika pabaya kweli. Grendizer waliyonayo ni ya sauti za Kiarabu, kwa wenzetu wanaojua Kiarabu sawa, mi niliangalia kwa ajili ya picha. Na Jumamosi mchana usiende, kunajaa vijana wanaotaka muvi mpya zilizotafsiriwa na benchi ni moja.

Kuhusu hizo za kutafsiriwa, wanazo nyingi na zinapigwa vizuri, mi mwenyewe nazipenda kwa muvi za mapigano. Kwa folda la Kikuchi msiombe. Anayetafsiri lazima ashushe sauti ya chini ili asikike, na ukishashusha sauti ya chini hapa umetoa kile ulichokuja kununua.

Nikitoa nyota natoa nne kati ya tano, moja nimeibakiza kwa ajili ya episodi mbovu na Tiger Mask. Wanafungua asubuhi mpaka saa tatu usiku, Jumapili hawafungui mpaka watu watoke ibadani. Kijana kaniambia anashusha vitu usiku wakati bando ni rahisi na kwamba Tiger Mask iliyobaki anaitafuta, kwa hiyo mkienda mkumbusheni, akiona watu wengi wanaiulizia ataiweka mbele ya hizo muvi mpya.